Nyota zikishindania kiti cha anga, nani akikalie?

SWALI: Mimi ni mwalimu wa shule ya msingi hapa Ujiji. Wanafunzi wangu wa Darasa la Sita wanaandaa mchezo wa kuigiza wa kufunga mwaka. Hadithi yenyewe ni hii: kiti cha ufalme wa anga kiko wazi, nyota ni viumbe hai wenye kusema na kuoneana wivu, na zote zimeitwa kukigombea. Darasa limegawanyika. Kundi moja linataka Jua lishinde kwa kuwa "ndiyo nyota kubwa kuliko zote". La pili linaitaka ile nyota nyeupe inayowaka sana upande wa ziwani jioni. Najua mchezo ni wa kubuni, lakini sitaki watoto watoke na uongo kichwani. Kisayansi, nani angeshinda? Nyota hupigana kweli? Na je, ni sawa kuziita hai?

JIBU: Mwalimu, nitangulize jibu kisha nilitetee. Hakuna nyota inayoweza kushinda raundi zote, na sababu ni moja: uzito inaozaliwa nao. Nyota nzito huwaka kwa nguvu na kufa mapema. Nyota nyepesi huwaka kidogo kidogo na kuishi miaka ambayo hata kuitamka ni shida. Kile kile kinachompa mmoja ushindi kwenye raundi ya mwanga ndicho kinachomuua kwenye raundi ya umri. Watoto wakilishika hilo, mchezo wenu utakuwa na mgogoro wa kweli, na hamtalazimika kudanganya hata mstari mmoja.

Nianze na mgombea wa kundi la pili. Kama ni ile nyota nyeupe inayokuwa juu ya milima ya Kongo mwezi Mei, saa mbili usiku, huyo ni Sirius. Hakikisheni tu kwamba si Zuhura wala Mshtarii. Hizo ni sayari, zinarudisha mwanga wa Jua na hazina wa kwao, kwa hiyo zizuieni mlangoni. Sirius ndiye nyota ang'avu kuliko zote za usiku, popote duniani. Lakini msimtazame peke yake. Mkiwa ufukweni mmeelekea magharibi, sogezeni macho kushoto na kuyashusha kidogo. Mtaona nyota nyingine nyeupe, ya pili kwa mng'ao katika anga lote. Huyo ni Canopus, ambaye mabaharia wa pwani humwita Suheli. Kwa macho yetu Sirius anamzidi Canopus karibu mara mbili, na hapo ndipo darasa lako linapotaka kumvika taji.

Sasa wapeleke watoto Kibirizi usiku wa giza, wavuvi wa dagaa wakiwa wameshaingia ziwani na taa zao. Taa moja ya mtumbwi ulio karibu na ufukwe huwa kali machoni kuliko karabai za mitumbwi iliyo mbali huko katikati, na hakuna mtoto wa Ujiji atakayesema ile ya karibu ndiyo yenye nguvu zaidi. Amekulia hapo, anajua ni umbali. Kwa nyota tunapotea kwa sababu jicho halina namna ya kupima umbali wa kule. Sirius yuko miaka ya nuru 8.6 kutoka kwetu, Canopus yuko takriban 310. (Mwaka wa nuru ni safari ya mwanga kwa mwaka mmoja, karibu kilomita trilioni 9.5.) Mkiwasimamisha bega kwa bega, Sirius anatoa mwanga wa Majua 25 hivi, Canopus anatoa wa Majua zaidi ya 10,000. Na mwanga wa Canopus unaoingia machoni mwa mwanafunzi wako leo uliondoka kule zaidi ya karne moja kabla Livingstone na Stanley hawajakutana hapo hapo Ujiji mwaka 1871. Nafasi kama hiyo usiiache ipite. Mpe Canopus maneno ya mtu aliyeanza safari zamani, anayefika barazani akakuta jirani ameshashangiliwa.

Kundi la Jua nalo lisichekwe. Limekosea kusema Jua ni kubwa kuliko nyota zote, ila wale wanaowajibu kwamba Jua ni "nyota ndogo tu" wamekosea zaidi. Takriban nyota tatu katika kila nne ni vibete vyekundu, nyepesi na hafifu kuliko Jua kwa mbali. Jua letu liko juu ya wengi. Kila sekunde linageuza karibu tani milioni 600 za hidrojeni kuwa heli, na katika kazi hiyo tani milioni 4 hivi zinageuka kuwa nishati, ndiyo mwanga na joto tunaloanikia dagaa. Limefanya hivyo kwa miaka bilioni 4.6 na limebakiza kama bilioni 5. Kwa mgombea wa katikati, hiyo ni rekodi ya heshima.

Ila raundi ya ukubwa wa mwili si yake. Hapo wanaingia wakubwa wawili wekundu: Betelgeuse, aliye begani mwa kundi la nyota liitwalo Jabari, na Antares, ambaye miezi ya kiangazi, Juni hadi Agosti, hupita karibu na utosi hapo Kigoma akiwa katikati ya kundi la Nge. Yeyote kati yao akiwekwa pale Jua lilipo, angeimeza Zebaki, Zuhura, dunia yetu na Mirihi. Watoto watapiga kelele za furaha kusikia hivyo, na wapige. Kisha waambie lililobaki: sehemu kubwa ya mwili huo ni gesi nyembamba kuliko hewa tunayovuta, tena mara maelfu. Betelgeuse ni mpana mara mamia kuliko Jua, ila uzito wake haufiki hata Majua 25. Upana wake ni uvimbe wa uzee. Kiini kimeisha hidrojeni, tabaka za nje zimetanuka na kupoa, ndiyo maana ana rangi hiyo. Mwishoni mwa 2019 alianza kufifia, na Februari 2020 alikuwa amefifia kuliko ilivyowahi kupimwa kwa miaka mingi. Watu wengi waliandika kwamba siku yake imefika. Baada ya miezi michache akarudi kama kawaida. Ilikuja kueleweka kwamba alikuwa ametema gesi, ikapoa ikawa vumbi na kumfunika uso. Mzee anayekohoa barazani na kila mtu kudhani anakata roho: huyo ni mhusika aliyeandikwa tayari, mwalimu, mchukueni.

Turudi kwenye uzito, maana ndipo mchezo wote ulipo. Nyota inasimama kwa sababu nguvu mbili zinapingana: uvutano unaotaka kuibana ijikunje, na msukumo wa joto kutoka kiini unaotaka kuipanua. Nyota nzito inajibana zaidi, kiini kinakuwa cha moto zaidi, na hidrojeni inaungana kwa kasi isiyolingana kabisa na ongezeko la uzito. Sirius ana uzito wa Majua mawili tu, lakini mwanga wake ni wa Majua 25. Nyota yenye uzito wa Majua kumi ina akiba mara kumi ya Jua, na inaitumia mara maelfu kwa kasi. Jua lina maisha ya miaka bilioni 10; hiyo nyingine inaishi milioni ishirini na kitu.

Chukueni ncha mbili. Ya kwanza inaitwa R136a1, na ni kati ya nyota nzito kuliko zote tunazozijua, uzito wake unakaribia Majua 200 na mwanga wake ni wa mamilioni ya Majua. Haiko hata katika galaksi yetu. Iko katika Wingu Kubwa la Magellan, umbali wa miaka ya nuru 160,000 hivi. Nyota yenyewe hamwezi kuiona kwa macho, lakini Wingu lake mnaliona: Januari, usiku usio na mbalamwezi wala mawingu ya mvua, tazameni kusini, mbali na taa za mji, mtaona doa la weupe hafifu kama moshi uliokataa kusogea. Jitu hilo lina maisha ya miaka milioni chache tu. Lilizaliwa juzi, kesho kutwa halipo.

Ncha ya pili ni Proxima Centauri, nyota iliyo karibu nasi kuliko zote ukiliacha Jua, miaka ya nuru 4.24. Ilitambuliwa mwaka 1915 na Robert Innes, aliyekuwa akifanya kazi Johannesburg. Uzito wake ni kama sehemu moja ya nane ya Jua. Pamoja na ukaribu wote huo, macho hayaioni, mwanga wake ni hafifu mno. Lakini inatumia akiba yake kidogo kidogo, na gesi ya ndani yake inachanganyika yote, hivyo karibu hidrojeni yake yote itatumika, wakati Jua litakufa likiwa limetumia ya kiini na kuacha nyingi nje. Proxima itaishi matrilioni ya miaka. Ulimwengu wenyewe una miaka bilioni 13.8. Maana yake ni kwamba tangu mwanzo wa vyote hakuna kibete chekundu hata kimoja ambacho kimekufa kwa uzee. Bado haijatokea. Na ukitazama juu usiku, katika nyota zote unazoziona kwa macho matupu, hakuna hata moja ya ukoo huu ulio na watu wengi kuliko wote.

Mimi hapo ndipo ningeweka moyo wa mchezo. Wagombea wanaotamba jukwaani wote ni wa tabaka la watumiaji wakubwa, wanaonekana kwa sababu wanateketea. Nyuma ya jukwaa kuna umati usioitwa jina. Mtoto anayecheza Proxima akae mbele kabisa, karibu na watazamaji kuliko wote, na hakuna mhusika hata mmoja amwone.

Umri wa wakubwa unaweza kuwapa hata mpangilio wa sehemu za mchezo. Kwa nyota yenye uzito wa Majua 25, hesabu za wanaanga zinakwenda hivi: kuchoma hidrojeni miaka milioni 7, heli nusu milioni au zaidi kidogo, kaboni miaka 600 hivi, oksijeni nusu mwaka, silikoni siku moja. Siku moja, mwalimu. Kila akiba mpya ina faida ndogo kuliko iliyotangulia, na inaisha haraka zaidi. Silikoni ikishakuwa chuma, basi, kwa sababu chuma hakitoi nishati kikiunganishwa, kinaidai. Kiini kinakosa cha kukishikilia na kinaanguka chote ndani ya muda usiofika sekunde moja. Kinachofuata ni supanova, yaani mlipuko wa nyota nzito inayokufa. Sehemu ya kwanza ya mchezo iwe ndefu na ya majivuno, ya pili fupi, ya tatu fupi zaidi, ya mwisho ipite kama pumzi.

Kifo cha namna hiyo kimeshaonekana kwa macho matupu katika anga letu la kusini. Februari 1987 nyota moja ya Wingu Kubwa la Magellan ililipuka, ikang'aa kwa miezi mahali ambapo jana yake macho hayakuwa yakiona kitu. Saa kama tatu kabla mwanga wake haujaonekana, mitambo iliyofukiwa ardhini Japani, Marekani na Urusi ya wakati huo ilinasa nyutrino ishirini na kitu katika sekunde zisizozidi kumi na tano. Nyutrino ni chembe zinazopenya dunia nzima bila kuguswa. Zilitangulia kwa sababu zilitoka moja kwa moja kiini kilipoanguka, ilhali mwanga ulilazimika kusubiri wimbi la mlipuko lifike kwenye uso wa nyota. Habari za msiba zilifika kwetu kabla ya moshi. Wapo watu wazima hapo Ujiji waliokuwa hai mwaka huo, na mwanga huo uliwapitia juu ya vichwa vyao.

Umeuliza kama nyota hupigana. Nyota zinazoonekana zimekaribiana angani mara nyingi ziko mbali mno na hazina habari za wenzao. Ugomvi ni wa majumbani: nyota nyingi huzaliwa mbili mbili, zikazungukana maisha yao yote. Sirius mwenyewe ana mwenzake. Mwaka 1844 Friedrich Bessel alieleza kwamba Sirius anayumba angani kana kwamba anavutwa na kitu kisichoonekana, na mwaka 1862 Alvan Graham Clark akakiona kwa darubini: nyota hafifu yenye uzito unaokaribia wa Jua, iliyobanwa kwenye mwili wa ukubwa wa dunia. Ni kibete cheupe, mabaki ya nyota iliyokufa. Huyo marehemu ndiye aliyekuwa mkubwa wa wawili hao, uzito wake ulifika kama Majua matano, akamaliza akiba yake mapema. Kwa hiyo mgombea anayependwa na nusu ya darasa lako ni mdogo mtu, anazungukana na maiti ya kaka yake, na kwa kiti hicho hicho kaka alikuwa amemtangulia.

Sirius na marehemu wake wako mbali kiasi cha kutodhuriana. Wengine hawana bahati hiyo. Kibete cheupe kikiwa karibu sana na nyota hai, kinavuta gesi yake na kujilundikia juu ya uso mpaka gesi hiyo inalipuka. Mfano ni T Coronae Borealis, ambayo mlipuko wake ulionekana mwaka 1866 na tena 1946. Wizi huu una kikomo, na kikomo hicho kilipigiwa hesabu mwaka 1930 na kijana wa Kihindi wa miaka 19, Subrahmanyan Chandrasekhar, akiwa melini kwenda Uingereza kusoma. Kibete cheupe hakiwezi kubeba zaidi ya uzito wa Majua 1.4. Kikiiba hadi kukaribia hapo kinalipuka chote, na hakibaki hata cha kuzika. Wakubwa wa fani walimpinga kwa miaka. Alipewa Tuzo ya Nobel mwaka 1983. Mwizi anayeangamizwa na alichoiba, na kiwango chake kinajulikana kwa tarakimu: sijui mwandishi angetaka nini zaidi.

Moja ya mapambano makali tuliyoyashuhudia ni la tarehe 17 Agosti 2017. Nyota mbili za neutroni, yaani viini vilivyobanwa vya majitu yaliyokwisha kulipuka, kila moja nzito kuliko Jua na ina upana wa kilomita 20 hivi, kama kutoka Kigoma mjini kufika Gombe na kuzidi kidogo, zilizungukana kwa kasi iliyokuwa ikipanda hadi zikagongana. Mtikisiko wake ulipita katika nafasi yenyewe kwa miaka milioni 130 na kunaswa na mitambo ya Marekani na Italia kwa takriban dakika moja na nusu. Mwanga wa mlipuko ulipochambuliwa zilionekana dalili za madini mazito yakitengenezwa pale pale, ya jamii ya dhahabu.

Na hapa swali lako la mwisho linajijibu nusu. Nyota si kiumbe hai kwa kipimo cha mwalimu wa sayansi. Haina seli, haizai kwa kurithisha sifa, haijibu mazingira kwa kutaka kuishi. Mtoto akiandika kwenye mtihani kwamba nyota ni hai, mkosoe. Lakini kwenye mchezo msiwe na hofu, maana maneno tunayotumia kwenye fani, kuzaliwa, kukua, kuzeeka, kufa, yanaeleza mambo yanayotokea kweli kwa mpangilio huo. Na zinaacha urithi. Kalsiamu iliyo kwenye miiba ya dagaa, oksijeni iliyo ndani ya maji ya ziwa, chuma cha kwenye damu ya mwanafunzi wako, vyote vilipikwa ndani ya nyota au katika vifo vyao kabla Jua halijazaliwa. Hapa wale majitu wa maisha mafupi wanastahili kutetewa. Proxima ataishi kuliko wote, ila akiba yake haitatoka kwake kuwa mfupa wa mtu. Ningependa darasa lako libishane hapo kwa sauti, kwa sababu hata mimi nikisimama kwenye baraza hilo ningesita kupiga kura.

Kama ni lazima mtu akae kwenye kiti kabla pazia halijafungwa, mkalisheni Proxima, lakini kwa sababu moja ya kisayansi: wengine wote watakuwa wameshaondoka. Sirius hamalizi hata miaka bilioni moja mingine. Jua litavimba na kuwa jekundu, kisha liache kibete cheupe. Betelgeuse atalipuka ndani ya miaka laki chache au kabla. Msiweke mshindi aliyemshinda mwenziwe kwa mkuki.

Jambo la mavazi sijaulizwa, ila naliona likiharibika kwenye michezo mingi ya shule. Watoto humvalisha nyekundu nyota wa moto sana na buluu yule wa baridi. Kwa nyota ni kinyume. Betelgeuse na Antares wana nyuzi 3,300 hivi za Selsiasi usoni, Jua 5,500, na Rigel, yule wa mguuni mwa Jabari, zaidi ya 11,000. Rigel avae buluu, Sirius nyeupe yenye buluu kidogo, Betelgeuse, Antares na Proxima nyekundu, na Jua mvalisheni nyeupe tupu. Manjano yake ni kazi ya hewa yetu, na ukitoka nje ya hewa hiyo ni jeupe.